Shujaa Aliyezaliwa Sikioni

Wazee wangu, mama zangu, na nyinyi vijana mliosimama ukutani kwa kuwa viti havikutosha.

Aliyenialika kuja kusema nanyi hapa Mtangawanda alinipa hiari ya kuchagua maudhui, na nina yakini alitaraji niwaletee habari za mshairi Mwengo bin Athumani na Chuo chake cha Herekali, au habari za siwa ya pembe ya Pate ambayo leo imewekwa katika makumbusho ya Amu, au walau jambo lolote lenye umri wa kutosha kumridhisha mzee anayeambiwa aketi kitako saa nzima asikilize. Basi nilipomjibu ya kwamba nitasema juu ya wimbo mmoja wa vijana wa Nairobi, uliotoka katika albamu yao ya pili, wimbo wa mitambo na besi ya umeme, alinyamaza kidogo, kisha akanambia kwa ile adabu ya watu wa visiwani, "Inshallah watasikiliza." Inshallah ya namna hiyo mwaijua, ndiyo ile ambayo nahodha humjibu abiria anayeuliza kama tutafika kabla ya adhuhuri.

Na adhuhuri ya leo kwa hakika imetukuta njiani. Tuliondoka Amu asubuhi, na tulipoingia mlango wa Mkanda, pale mikoko ya upande huu na ya upande ule inapokaribia kushikana mikono, maji yalikuwa bado hayajajaa. Nahodha akazima mashine, boti ikaketi juu ya tope, nasi tukabaki tukitazamana, mwenye gunia lake la mchele, mwenye kuku wake kapuni, na mimi na karatasi zangu hizi mnazoziona. Kijana aliyekaa ubavuni mwangu, wa umri wa miaka kumi na sita hivi, aliniona nikifuta na kuandika, akauliza, "Ami, waandika nini?" Nikamwambia naandika juu ya wimbo uitwao Ha-He. Hakuujua. Akatoa simu yake, kioo kimepasuka pembeni na kutiwa gundi, akaitafuta video yake. Kile kiduara cha kusubiri kikazunguka, kikazunguka, mpaka mwanamke wa mbele yetu akauliza kama simu nayo inangoja maji yajae. Hatimaye picha ilitokea, ikaenda muda mchache, ikakwama tena, nayo imekwama juu ya mtu mmoja mwenye kitambaa kilichofungwa kipajini. Kijana akamtazama kwa makini, akasema, "Huyu ndiye Makmende? Baba kila siku hunambia, 'Wewe, usijifanye Makmende.'"

Hadhirina, maneno hayo ya kijana ndiyo mhadhara wangu, na lau si kuwaogopa wazee waliokwisha kuketi ningeyasema hayo peke yake kisha nikashuka. Kijana hakuujua wimbo, wala bendi, wala mwaka; walakini jina alilijua, tena alilijua kwa njia ya babake, kwa njia ya kukaripiwa. Wimbo uliolifikisha jina lile mpaka Marekani umeanza kusahauliwa na watoto, ilhali jina lenyewe lingali linatembea majumbani kama lilivyokuwa likitembea kabla wimbo haujatungwa. Nataka kusema nanyi juu ya safari hiyo ya jina, namna lilivyozaliwa katika sikio lililosikia vibaya, na namna vijana wanne walivyolipa mwili.

Bendi yenyewe yaitwa Just a Band, jina ambalo kwa Kiswahili chetu ni kama kusema "bendi tu, basi", na ndani ya unyenyekevu huo mna kiburi kidogo, kama cha fundi stadi wa nakshi ambaye ukimsifu mlango wake hukujibu kuwa ni mbao tu hizo. Ilianzia Chuo Kikuu cha Kenyatta, na waliosimama katika albamu ile ya pili ni Bill Sellanga, ajulikanaye zaidi kwa jina la Blinky Bill, na Dan Muli, na Jim Chuchu, na Mbithi Masya. Wenye kazi ya kuupanga muziki katika makasha wametaabika nao sana: huyu huuita muziki wa elektroniki, huyu fanki, mwingine muziki mbadala, jina ambalo huko Ulaya na Marekani aghalabu hupewa bendi za roki zilizokataa kupita njia kuu, na ambalo Nairobi limewafaa pia watu kama Murfy's Flaw na Parking Lot Grass, ambao magitaa yao ni ya roki waziwazi. Mimi kasha hilo la mbadala naliridhia kwa sababu moja. Katika miaka ile redio za Kenya zilikuwa zimetawaliwa na mitindo ya genge na kapuka, na mtu aliyetaka kusikika alijua mlango gani wa kubisha; hawa hawakuubisha.

Albamu yao ya kwanza, Scratch to Reveal, ilitoka mwaka 2008, na jina lake lamkumbusha Mkenya yeyote zile kadi za simu za kukwangua kwa ukucha au kwa sarafu ili namba zitokee. Ndani yake mlikuwa na Iwinyo Piny, wimbo wenye jina la Kijaluo, uliowapatia masikio ya kwanza. Kisha, mwaka 2009, ikaja ya pili, waliyoiita kwa tarakimu mbili tu: 82. Hapa naomba nisimame kidogo. Jahazi jipya likishushwa majini watu wote huja ufuoni, wakapiga ngoma na kula halua, hata wasiojua tanga wala demani. Bali jahazi hilo hilo likiwa laondoka safari ya pili, anayekuja ufuoni ni mwenye mali peke yake, na daftari mkononi. Ndiyo hali ya albamu ya pili kwa bendi yoyote ile, na wengi waliovuma kwa ya kwanza hupata wakati huo kujua kama walikuwa na chombo au walikuwa na sherehe tu. Ama namba yenyewe, kwa Mkenya wa rika la baba zangu haiwezi kupita pasipo kugusa asubuhi ya tarehe 1 Agosti 1982, siku wanajeshi wa anga walipojaribu kuipindua serikali, wakaiteka redio, na mtangazaji Leonard Mambo Mbotela akalazimishwa kuwatangazia. Vijana kuibandika namba hiyo juu ya muziki wa kuchezwa, kama mtu anayetundika leso juu ya msumari wa zamani, ni jambo ambalo wazee wa Nairobi sidhani walilichukulia kwa wepesi walioukusudia vijana wenyewe.

Sasa wimbo. Ha-He ni wimbo ambao ukitaka kuuandika maneno yake utamaliza kabla wino haujakauka. Sisi tuliolelewa na tenzi hapa ndipo tunapojikwaa, maana kwetu wimbo ni maneno, na ala ni mtumishi wa maneno. Mtu akisema wimbo huu mzuri, swali la pili huwa ni nani aliyeutunga, na la tatu kama vina vyake vimetimia. Ha-He haujibu swali hata moja katika hayo. Unakwenda kwa besi inayorukaruka na ngoma iliyopigwa na mashine, na jina lake lanikumbusha ukelele wa mabaharia wanapovuta chombo pwani, ukelele ambao hauna maana katika kamusi, walakini chombo hakiendi bila huo. Nasema yaliyo moyoni: nikifumba macho nikausikiliza peke yake, bila picha, ni wimbo mwema wa kuchezea, si zaidi, na katika kazi za vijana hawa si huo ambao ningeuchagua kukaa nao usiku. Fadhila yake ni nyingine. Umeacha nafasi. Wimbo uliojaa maneno ungekwisha kutwambia tuone nini. Huu ulikaa kama chumba kisichokuwa na fanicha, na katika chumba hicho mtu mmoja aliingia akakimiliki.

Mtu huyo ni Makmende, nayo ni video iliyotolewa Machi 2010, chini ya uongozi wa Jim Chuchu na Mbithi Masya wenyewe. Kevin Maina ndiye aliyeigiza. Mavazi yake ni ya miaka ya 1970, na mwendo wake ni ule wa filamu za Wamarekani weusi za zama hizo, ambamo shujaa hana haraka hata akizungukwa na wabaya kumi. Majambazi humjia kwa zamu, kwa heshima kama wanaopanga foleni ya mkate, naye huwaangusha mmoja baada ya mmoja. Mapigo ni ya uongo, na video haikujaribu kuyaficha. Utaona ngumi imepita hewani na mtu ameanguka, nawe utacheka, na kicheko hicho ndicho walichokitaka. Na tangazo lililoibeba video hiyo lilikuwa na maneno mawili, ya Kiswahili: Makmende amerudi.

Jina hili latoka wapi? Mwaka 1983 ilitoka filamu ya Marekani, Sudden Impact, ambamo Clint Eastwood, akiwa askari kanzu aitwaye Harry Callahan, anamwelekezea jambazi bastola na kumwambia, kwa maana ya Kiswahili, hebu thubutu, unipe raha ya siku hii ya leo. Maneno hayo kwa Kiingereza huishia na mek-mai-dei, na Mmarekani huyasema kwa meno yaliyofungwa, kama mtu aliyeuma uzi. Filamu hizo zilikuja Kenya, zikaonyeshwa majumba ya sinema, kisha katika vibanda vya video ambako watoto thelathini hukaa juu ya mabao mbele ya televisheni moja. Na mtoto asiyejua Kiingereza cha meno yaliyofungwa, alisikia nini? Alisikia mtu akijitaja jina. Huyu mwenye bastola amesema yeye ni Makmende.

Nilikuwa bwenini, miaka ya 1990, katika shule ya bara ambayo sina haja ya kuitaja, nilipolisikia jina hilo mara ya kwanza, nalo lilielekezwa kwangu. Nilikuwa mtoto wa visiwani, nimezoea kwamba mkubwa humwambia mdogo jambo naye husikia. Huko nikakuta mvulana wa kidato cha tatu amechukua ndoo yangu ya maji, nami nikamfuata nikaidai. Bweni zima likaguta: "Huyu anajifanya Makmende!" Sikuelewa, nikadhani nimetukanwa kwa lugha ya makabila ya huko, nikarudi kitandani na aibu ya mtu asiyejua hata ametukanwa nini. Muda si muda nikaelewa kwamba Makmende ni mtu anayejitutumua kupita kimo chake. Hakuna aliyetaka kuwa Makmende. Lilikuwa jina la kumshusha mtu ngazi.

Wenye elimu wa mjini, wakilisimulia jambo hili, husema watoto walikosea, na hapo mimi husimama nikabisha. Sisi watu wa pwani hatuna haki ya kusema hivyo, maana nusu ya ghala yetu ya maneno imejazwa na masikio ya namna hiyo. Mreno alipokuja alikuwa na neno lake la kanisa, igreja, sisi tukasikia gereza, tukalifanya nyumba ya wafungwa. Na kwa yale aliyotutenda, sidhani sikio letu lilikosea. Mwingereza alileta chombo cha kubeba barua, nasi tukaliacha neno la barua likawa jina la chombo chenyewe, na leo yeyote asemaye meli hakumbuki barua. Alileta chombo cha vita tukakiita manowari. Alipojenga duara barabarani na kuandika kibao kwamba dereva ashike kushoto, duara likawa kipilefti, na nimekwisha kumsikia dereva wa Mombasa akimwambia abiria kwamba kipilefti kiko kulia. Maneno haya hayakutafsiriwa. Yalitekwa, yakasilimishwa, yakapewa jina na kazi mpya. Makmende ni ndugu yao mdogo, tofauti ikiwa kwamba hao walikuwa vitu, naye amekuwa mtu.

Sasa lizingatieni neno la pili la tangazo lile, amerudi. Nimelikalia neno hili siku nyingi. Anayerudi ni yule aliyewahi kuwapo. Huwezi kusema amerudi mtu ambaye hakuondoka, wala huwezi kuondoka kama hukufika. Makmende hakuwahi kufika popote. Hakuwa na filamu wala picha wala kitabu, alikuwa tusi la bwenini na la mtaani tu, jina la mtu ambaye kila mmoja aliambiwa kwamba si yeye. Walakini watu wazima wa Kenya wa mwaka 2010, walio makarani na wauguzi na madereva, waliposoma kwamba amerudi hawakuuliza amerudi kutoka wapi. Walijua. Alikuwa ameondoka siku walipoacha kuwa watoto. Kwa neno moja la wakati timilifu bendi hii ilimtungia mtu miaka ishirini ya maisha ya nyuma bila kuandika hata mstari, na sijaona tangazo la biashara wala la siasa katika nchi hii lililofanya kazi kubwa hivyo kwa sarufi ndogo hivyo. Fauka ya hayo, lililokuwa la kumshusha mtu limempandisha: tusi limevishwa kilemba.

Wakenya wakalipokea wakaanza kutunga. Walitunga sifa zake kwenye Twitter na Facebook, nyingi mno, kwa mtindo ambao Wamarekani walikuwa wakimtungia mwigizaji Chuck Norris: jua huomba ruhusa, mauti humkimbia, na mengine ya mubalagha kama hayo. Magazeti na televisheni za Marekani, miongoni mwao The Wall Street Journal na CNN, zikayaandika kuwa ndiyo mara ya kwanza kwa mzaha wa Kenya kuenea namna ile katika mtandao. Walisema mengi juu ya akili za vijana wa Nairobi, na ni kweli. Bali mimi mtu wa pwani naona chombo kilichobeba shehena kimesahauliwa katika hesabu. Mpaka mwaka 2009 intaneti ya Kenya ilikuwa ikipitia angani, kwa setilaiti, ghali na ya kusinzia. Juni ya mwaka huo kebo ya TEAMS ikafika Mombasa kwa chini ya bahari, imevutwa kutoka Fujaira, katika Falme za Kiarabu. Julai ile ya SEACOM ikaanza kazi. Makmende akatoka miezi minane baadaye. Wazee wangu, njia ya kutoka Fujaira kuja Mombasa nyinyi mwaijua kuliko mhandisi yeyote, kwa kuwa babu zenu waliifuata na kaskazi, na tende na mazulia, wakarudi na kusi wamepakia boriti za mikoko ya visiwa hivi hivi. Waya umelala chini ya njia ile ile. Nami sioni ajabu kwamba katika shehena za kwanza kuvuka juu yake kulikuwa na hadithi ya shujaa.

Kwa upande wa mashujaa, sisi hatukusubiri kebo. Nimesimama katika kisiwa ambacho mfalme wake, kwa mujibu wa hadithi, alimhofu Fumo Liyongo mpaka usingizi ukamkimbia. Na nilipokuwa nikizisoma sifa za Makmende nilizokuwa nimekusanya, mara mbili au tatu nilijikuta naziweka kando ili nimkumbuke Liyongo. Muhamadi Kijumwa wa Amu, aliyeandika utendi wake mwaka 1913, naye akiwa mtu wa mikono mingi, mchongaji, mwandishi wa hati na mpiga ala, alimsimulia mtu mrefu kupita watu, mwenye nguvu ambazo wanaomtazama humgwaya mpaka wakapoteza fahamu. Hizo ni mubalagha zile zile. Na kuna jambo jingine wanaloshirikiana, la muziki. Liyongo alipofungwa gerezani alimwimbia kijakazi wake Saada, na ndani ya wimbo akamwagiza amwambie mama yake aoke mkate wa wishwa, atie tupa ndani. Walinzi wakala mikate mizuri wakauacha wa wishwa, kwa kuwa nani atake wishwa? Kisha akaomba apigiwe gungu kabla ya kuuawa, na watu wa mji walipokuwa wamezama katika matoazi na siwa na vigoma, yeye ndani alikuwa akikata minyororo, na mlio wa tupa haukusikika. Mkate wa wishwa, hadhirina! Ha-He ndio mkate huo. Maneno yake ni makapi, mlinzi wa fasihi akiuonja atauacha upite, na ndani yake mna chuma.

Hapo hapo lakini ndipo wanapoachana, na haki yaniamuru niseme. Liyongo ana kitovu. Aliuawa kwa sindano ya shaba, na aliyemchoma hapo kitovuni ni mwanawe, aliyeahidiwa na mfalme binti wa kumwoa. Akainuka na jeraha lake, akatoka mpaka kisimani, akapiga goti, akaupinda uta wake na mshale umo, akafa katika hali hiyo, na mji mzima ukakaa na kiu kwa siku nyingi kwa kuwa hakuna aliyethubutu kumkaribia maiti aliyelenga. Mtoto akisimuliwa hayo hulia, na akiwa mzima hulia tena kwa sababu nyingine. Makmende hakupewa mahali pa kuchomwa. Hana mama, hana mwana wa kumsaliti, sifa zake zote ni za juu, kila mtungaji ameongeza nguvu na hakuna aliyetia udhaifu. Kwa hivyo alipanda haraka kama moshi, na kama moshi akatanda na kupungua. Baada ya miezi michache watu walikuwa wamechoka kucheka. Simlaumu yeyote, mtandao haukuwapa muda wa kumtafutia kitovu. Lau angepata mshairi mmoja mwenye subira, nadhani leo kijana wa botini angelijua zaidi ya jina.

Kisa cha Wikipedia nitakipitia upesi, ingawa wenye kupenda vitabu watakifurahia. Watu walipoandika ukurasa wa Makmende katika kamusi hiyo ya elimu ya mtandaoni, wasimamizi waliufuta, ukaandikwa tena, ukafutwa tena, zaidi ya mara moja, kwa hoja kwamba hana umashuhuri uliothibitika. Mpaka magazeti ya ng'ambo yalipoandika ndipo akakubaliwa kuwa yupo. Nyinyi watu wa Pate mna haki ya kutabasamu. Habari za wafalme wenu nazo zilisemwa kwa kinywa miaka na miaka, na msimulizi Bwana Kitini aliwasomea wageni wazungu kutoka kichwani mwake, na wapo wasemao kuwa kitabu cha asili kilipotea mji wa Witu ulipopigwa na Waingereza mwaka 1890. Hakuna aliyefika hapa akasema kwa kuwa kitabu kimepotea basi wafalme hawakuwapo. Ama labda walifika, wakasema, nasi hatukuwasikia.

Vijana wale hawakukaa kumkamua Makmende, na hilo nalihesabu katika heshima yao. Albamu ya tatu ilikuja mwaka 2012, ikiitwa Sorry for the Delay, jina ambalo ni la mtu anayeomba radhi kwa kuchelewa, kama abiria wa leo. Kisha wakaanza kutawanyika, kila mmoja na kazi yake. Jim Chuchu aliiongoza Stories of Our Lives, filamu ya mwaka 2014 iliyopigwa marufuku nchini mwake. Mbithi Masya akatengeneza Kati Kati, ambayo mwaka 2016 ilipata tuzo ya wahakiki wa filamu huko Toronto. Blinky Bill akatoa albamu yake mwenyewe mwaka 2018. Mwaona kwamba wawili waliokuwa nyuma ya kamera ya Ha-He wameishia katika filamu, jambo linalonielekeza kufikiri kwamba ule wimbo tangu mwanzo ulikuwa filamu iliyokosa jumba la sinema.

Nirudi botini nimalize, maana naona mwenyeji wangu anaitazama saa na nahodha hakai. Baada ya saa na nusu pale Mkanda maji yalianza kuingia. Kwanza mizizi ya mikoko ilitoweka, kisha boti ikatikisika chini yetu, kidogo, kama mtu anayeamshwa. Kijana alikuwa bado amemshika Makmende mkononi, amekwama vilevile, na ngumi yake iko hewani. Aliyatazama maji, akaitazama simu, akasema kwa sauti ya kutosha boti nzima kusikia: "Ami, angekuwapo yeye, hangengoja. Makmende akifika Mkanda, maji ndiyo hukimbilia kujaa." Watu wakacheka, mwenye kuku akacheka, na nahodha, ambaye tangu Amu hakuwa amesema neno, akageuka akauliza, "Makmende ni nahodha wa wapi?" Kijana akamjibu bila kusita, "Wa Mtangawanda."

Nimeliandika jibu hilo ukingoni mwa karatasi hii kwa kalamu ya risasi, boti ikitikisika, na hati yake haisomeki vizuri. Kijana mwenyewe ni yule pale karibu na dirisha, aliyevaa shati la buluu. Nimemwomba aje na simu yake, na mwenye duka ametuazima spika. Hapa gatini, wanambia, mtandao una nguvu kuliko kule mikokoni. Haya mwanangu, sogea mbele uiwashe, wazee wasikie.